Ludomira Wasiak, Aliyejenga Mitaa ya Filamu

Ndugu waombolezaji, kwa niaba ya familia, mimi Gracjan, mwanawe wa pili, nawasomea historia ya mama yetu.

Marehemu Ludomira Wasiak alizaliwa tarehe 3 Februari 1931 mjini Wieluń, mtoto wa pekee wa Hipolit, mwoka mikate, na mkewe Pelagia. Tarehe 1 Septemba 1939 mabomu yaliangukia mtaa wao, yeye na mama yake wakatoka, baba yake hakutoka.

Baada ya vita walihamia hapa Łódź, akasoma hadi kuhitimu chuo cha sanaa mwaka 1955, akaajiriwa studio ya filamu, kwanza kupaka rangi, baadaye mbunifu wa mandhari, yaani nyumba na mitaa ya kuigizia, hadi alipostaafu mwaka 1991. Wenzake mnakumbuka alivyokuwa akiingia kwenye jiko lililojengwa jana, akatazama ukuta karibu na swichi na kusema, "Hapa haishi mtu," kisha akajipaka mafuta viganjani na kuuchafua mwenyewe. Hata nyumbani kuta zetu hazikupona.

Tarehe 17 Mei 1958 alifunga ndoa na Eligiusz, fundi wa taa za studio, wakajaliwa Dobrawa na mimi.

Mwaka 1966 alitakiwa kujenga mtaa wa mbao na plasta utakaochomwa mwishoni mwa filamu ya vita, naye, bila kumwambia mtu, akaujenga mtaa wao wa Wieluń. Siku ya kuchoma, bibi yetu Pelagia alifika, akaingia kwenye duka la mikate lililofanana na la Babu, akaketi. Kamera tayari, zimamoto wanasubiri, mwongozaji akafoka, "Mtoeni huyo bibi!" Mama akamjibu, "Ukimgusa, kajenge mtaa mwingine mwenyewe," akazuia moto usiwashwe. Hatimaye Bibi alitoka peke yake, koti limejaa vumbi, akamshika Mama mkono. "Choma tu, mwanangu. Safari hii hakuna mtu ndani." Mama aliwasha moto kwa mkono wake, na jioni ile, mezani, kwa mara ya kwanza tulimsikia Bibi akimtaja Babu kwa jina, tena akicheka.

Mama aliugua mapafu tangu mwaka 2007, akafariki hospitalini tarehe 9 Novemba 2009.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani tunaotumia nao ngazi moja ya ghorofa kwa supu ya kila siku, na wafanyakazi wenzake waliobeba jeneza.

Mama, tunakulaza kando ya Baba, aliyetangulia mwaka 1998. Umemngojesha sana, naye, kama tunavyomjua, hajalalamika. Pumzikeni salama, nyote wawili.