Bi Mwanamkasi Anaondoka na Sauti Yake

Tarehe 30 Juni, Bi Mwanamkasi Machano anastaafu baada ya miaka thelathini na moja ya kusoma matangazo ya vifo katika redio yetu. Unguja nzima inaijua sauti yake. Sura yake tunaijua sisi wafanyakazi wenzake, jamaa na majirani zake wa Mtoni tu.

Umaarufu huo una tabu yake. Darajani, akiuliza bei ya samaki changu, muuzaji hushika kichwa: "Nani tena, bi?" Ndiyo maana amezoea kununua kwa kuonesha kidole. Lakini kwenye chumba cha chai ni mtu mwingine kabisa, mcheshi, anayecheka mpaka mtandio unamvuka.

Mwezi wa Aprili ofisi iliifundisha kompyuta kusoma kwa sauti yake, ili sauti ibaki yeye atakapoondoka. Katika kuijaribu, likahitajika jina la marehemu. Fundi wetu Munir aliogopa kubuni, maana hapa kila jina lina mwenyewe, na kumzulia mtu kifo ni uchuro. Akaandika la Bi Mwanamkasi, akijua yeye atacheka tu. Kwa bahati mbaya, jaribio likaenda hewani.

Bi Mwanamkasi alikuwa likizo, nyumbani, anapepeta mchele. Akajisikia redioni akitangaza kifo chake mwenyewe, taratibu, bila ya kukosea hata jina la babu yake. Haukupita muda, wanawake wa mjini wakaanza kuingia na mabuibui yao.

"Pole, dada. Wewe nani wake marehemu?"

"Ndiye mimi."

Walipoisikia sauti ileile, walitoka mbio, viatu wakaviacha mlangoni. Alibaki Bi Nadra wa Malindi, mtu mzima asiyeweza kukimbia. "Haya, kama hujafa, tutilie chai."

Siku ya pili Bi Mwanamkasi alimwomba Mkurugenzi, Bwana Abdulhakim, sauti ile ifutwe. Alisema ameitumikisha kwa wafu inatosha. Iliyobaki ni ya kuwaimbia wajukuu. Ikafutwa mbele ya macho yake.

Hata hivyo, simu bado zinaingia. Mimi ndiye ninayezipokea tangu nilipomaliza skuli. Watu huuliza kama kweli amekufa. Nikimpa simu mwenyewe aseme yu hai, wao husoma "Inna lillahi", kisha hukata. Wanasema sauti hiyo haijapata kutangaza uongo.

Bi Mwanamkasi, ahsante kwa kuwasindikiza watu wetu kwa heshima. Tunakuombea umri mrefu na vicheko vingi. Na siku yako ikifika, Mungu ajaalie itangazwe na sauti ya mtu mwingine.