Bi Nezihe na Mabinti wa Abdullah Asiyekuwapo

Bi Nezihe Tuzcu anastaafu Ijumaa hii, tarehe 30 Juni, baada ya miaka thelathini na saba katika chumba cha daftari za kadhi hapa Incirkaya. Aliingia na nywele nyeusi na miwani moja. Anatoka na mvi na miwani tatu, moja imefungwa uzi.

Niliagizwa kuandika ukurasa wa kupendeza katika ratiba ya sherehe ya kuagwa kwake. Bwana Tayyar, mkurugenzi wetu wa utamaduni, alinifuata jikoni akasema, "Bibi Seher, wewe umempikia chai tangu siku ya kwanza. Andika alivyo mpole, utie na vichekesho kidogo." Nimesikia. Upole sikuuona. Vichekesho vipo, na kikubwa kuliko vyote amekijenga Bwana Tayyar mwenyewe kwa marumaru, pale uani. Tutafika huko.

Daftari ni mia moja na tisa. Ndani yake mna miaka mia tatu ya watu waliotawaliwa na sultani ambaye hawakupata kumwona hata kivuli. Mshona matandiko wa Bosnia anamshtaki mchuna ngozi wa Aleppo. Padri wa Kigiriki na imamu wetu wanagombea mti wa tini ulioota katikati ya mpaka, na kila mmoja ameleta mashahidi wa dini ya mwenzake. Mke anadai talaka kwa sababu mume alipelekwa vitani Yemen akapotea miaka tisa. Yote hayo yako kwa herufi za zamani za Kiarabu, kabla Kituruki hakijaandikwa kwa herufi hizi za sasa, na wajukuu wa watu hao hao hawawezi kusoma hata mstari. Bi Nezihe aliwasomea. Mkulima akija na matope viatuni kutafuta mfereji wa babu yake, alimpa kiti. Naibu waziri alikuja na kikombe mkononi, akazuiwa kizingitini: "Chai ina mlango wake, mheshimiwa. Huu si wake."

Mwaka wa mafuriko maji yalifika magotini. Wakubwa walikwenda kuokoa magari yao. Yeye alikwenda kwao, akafungua kasha la arusi alilowekewa na mama yake, akaleta mashuka yote yaliyotariziwa, akayakata vipande na kuvitia kati ya kurasa zilizolowa. Siku kumi na tisa tulikuwa tunabadilisha vitambaa, kukausha, kurudisha. Mama yake alilia. Bi Nezihe akamwambia, "Mama, nyamaza. Mashuka yamepata bwana." Na hajaolewa mpaka leo, na hajakosa kitu.

Kalamu hii mimi alinifundisha yeye. Shule niliiona kwa nje. Nilikuwa na miaka hamsini na miwili alipoingia jikoni akanikuta nimeshika gazeti juu chini. "Bibi, hilo unalisoma au unalipepea?" Nilimfukuza na mwiko. Kesho yake alimwaga unga kwenye sinia, akanishika kidole, akakiandikisha jina langu. Nililitazama mpaka mkate ukaungua.

Sasa sikilizeni, maana hapa ndipo hasira yangu ilipo.

Nilipokuwa namletea mkate wa ufuta mchana, alikuwa akinisomea majina. Gülfem binti Abdullah. Mercan binti Abdullah. Yasemin binti Abdullah. Siku moja nikamuuliza, "Huyu Abdullah alikuwa jogoo gani? Kila mwanamke wa mji ni binti yake!" Hakucheka. Alivua miwani akasema, "Bibi, hawa walinunuliwa. Walitoka Uchekesi na Ujojia kule kaskazini, Sudani na Uhabeshi kule kusini. Wengine walikuja wadogo, wamesahau hata jina la mama. Siku ya kuachwa huru karani lazima aandike binti nani, na baba hajulikani. Kwa hiyo anaandika binti Abdullah. Maana yake mja wa Mungu, na kila baba ni mja wa Mungu. Karani hakusema uongo, ila hakusema kitu."

Sisi weusi wa bonde hili, ambao vijana wa mjini hutuuliza tumehama lini kutoka Amerika, nilikuwa sijui tumeingia kwa mlango gani. Nilijua siku hiyo, na sinia mkononi.

Kuanzia hapo alikusanya. Kila mwanamke wa namna hiyo aliyemkuta, alimwandika: jina, alikotolewa, kazi yake, mwaka wa uhuru wake, na kama alirudi kwa kadhi kudai haki yake. Wengi walirudi! Mercan huyo alimshtaki bwana wake wa zamani kwa kumwita "kijakazi" sokoni, akashinda. Bi Nezihe alipata wanawake mia mbili na kumi na wanne. Hakuna aliyemwagiza, na kazi ya ofisi haikulala hata siku moja.

Kisha akaja Bwana Tayyar na kompyuta. Mji unataka kitabu cha historia yake. Akaingiza majina, kompyuta ikamwambia jina la baba linalorudiwa kuliko yote ni Abdullah. Akafurahi! Akaandika kwamba mji huu umelelewa na mzee mmoja tajiri, mcha Mungu, mwenye uzao mwingi. Akaagiza chemchemi ya marumaru: CHEMCHEMI YA MZEE ABDULLAH, BABA WA INCIRKAYA.

Bi Nezihe alikwenda ofisini kwake. Mlango ulikuwa wazi na mimi nilikuwa nafuta meza ya nje, wala sikujificha.

"Mkurugenzi, huyo mtu hayupo."

"Hayupo vipi, dada, na ana mabinti zaidi ya mia mbili?"

"Wa kwanza na wa mwisho wamepishana miaka mia na themanini."

"Basi aliishi sana," akasema, na makarani wake wakacheka.

Bi Nezihe akamweleza kama alivyonieleza mimi. Mimi nisiye na darasa nilielewa kabla chai haijapoa. Yeye mwenye vyeti ukuta mzima alielewa pia, na hilo ndilo linaloniuma. Alielewa! Akasema, "Watu wanataka kusikia babu zao walikuwa mabwana, si vijakazi." Orodha ya Bi Nezihe ikaondolewa kitabuni; ati inachosha msomaji.

Alipoulizwa anataka zawadi gani ya kuagwa, Bi Nezihe aliomba kitu kimoja: maandishi ya chemchemi yabadilishwe, au basi majina ya wanawake yasomwe kwenye sherehe. Akajibiwa kuwa marumaru imeshachongwa na ratiba imejaa. Atapewa saa ya ukutani. Mtu aliyetunza miaka mia tatu mnampa saa?

Waungwana, ratiba hii mliyoshika imechapishwa nakala mia mbili na kumi na nne, mbali na ile ya Bi Nezihe. Mpiga chapa ni mtoto wa dada yangu, na idadi niliitaja mimi. Geuzeni karatasi. Nyuma kuna jina kwa wino wa buluu, na mwandiko ukipinda mnisamehe, nilianzia kwenye unga. Hilo ndilo jina ulilopewa. Mwingine ana Gülfem Mchekesi, mfumaji. Mwingine ana Yasemin wa Sudani, mkunga. Nakala ya Bwana Tayyar nimeiweka mezani kwake kwa mkono wangu. Yeye ana Mercan, aliyeshinda kesi. Iliyobaki kwangu ni ya Zafer Mhabeshi, mpishi, na hiyo simwachii mtu.

Kitambaa kilichofunika chemchemi kitakapovutwa na jina la Mzee Abdullah likaonekana, msipige makofi. Anzieni safu ya mbele. Kila mtu asimame, asome jina alilopewa kwa sauti, akae. Ratiba imejaa, lakini maji ya chemchemi hayana haraka.

Bi Nezihe, mwanangu mkali, mpango huu unaujua sasa hivi, pamoja na wengine, kwa hiyo usinikunjie uso mbele za watu. Asante kwa daftari, kwa mashuka, kwa unga. Nenda nyumbani, ulale mpaka jua lipande, unywe chai popote upendapo. Karatasi yako wewe nyuma sikuandika kitu. Una baba, na sisi sote tunamjua: binti Hilmi, mtengeneza mapipa. Maisha yako yaliyobaki yawe mema, na yaandikwe kwa jina lako.