Mkono Wenye Subana

Kijiwe cha kona ya fundi cherehani kina benchi moja, na mguu wake wa nne ni tofali. Asubuhi hiyo kilikuwa kimenuna kama matanga. Jana yake tamthilia iliyopigwa picha hapohapo ilionyeshwa kwenye televisheni, na Pindo, fundi mwenyewe, alikuwa ameita ukoo mzima uje umwone. Ukoo ukala, ukanywa, ukakodoa macho. Pindo hakuonekana hata sikio.

Mwisho wa benchi alikaa Kimya, mchumba wa binti yake Pindo, barua ya posa mfukoni. Kazi yake kijiwe kilikuwa kinaijua nusunusu: "mambo ya kompyuta." Kumbe yeye ndiye mhariri wa tamthilia ile, na ndiye aliyemkata mzee. Angefanyaje, jamani? Mwigizaji analia, kafiwa na mama yake, na nyuma yake Pindo kaikodolea kamera, meno thelathini na mawili nje! Kila Kimya alipochukua kipande kingine, meno yaleyale.

— Wajukuu saba wameniuliza, "Babu uko wapi?" Pindo akalalama.

— Setilaiti hiyo, akasema Chaji, fundi simu. Wingu likipita, watu wa pembeni wanamwagika.

— Wanamwagikia wapi?

— Nchi jirani. Saa hizi huko wewe ni maarufu.

— Acha zako! akadakia Birika, muuza kahawa. Ni husuda. Mwigizaji mkuu kaona sura ya Pindo inamfunika, akaagiza ifutwe. Wahenga walisema, mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Na kamera ilikaa hapa siku tatu!

— Jembe linaingiaje?

— Ndilo lililokukata.

Kimya akapaliwa na kahawa. Pindo akamgeukia.

— Wewe mtu wa kompyuta, hivi mtu anaweza kukatwa?

— Anaweza, mzee. Kama... akiitazama kamera.

— Sasa nitazame wapi, na yenyewe inanitazama? Mtu akikutazama unampa kisogo? Nina adabu zangu mimi!

Kisha akajipiga kofi gotini.

— Nikimjua aliyenikata, kwangu hakanyagi! Hata aje na barua!

Tusifichane, Kimya aliogopa. Alimpenda yule binti mpaka basi, na barua ile aliiandika mara tisa.

Hapo ndipo mke wa Pindo alipopita na kikapu chake cha sokoni.

— Mume wangu, bado unalia? Mbona ulionekana.

— Mimi? Wapi?

— Mkono. Umeshika kikombe, subana yako ya kushonea kidoleni. Yule dada alipoanza kulia, ukatetemeka. Nani mwingine mtaa huu anakunywa kahawa na subana? Mimi nilitokwa na machozi.

Pindo akautazama mkono wake. Hata sasa subana ilikuwa kidoleni.

— Nilitetemeka kweli, akasema taratibu. Yule dada alinikumbusha marehemu mama. Meno yalikuwa ya kamera, mke wangu. Mkono ulikuwa wangu.

— Sasa huyo aliyeuona mkono, akauacha kwenye picha, ni nani? akauliza mkewe.

Chaji akatazama mawinguni. Birika akafuta birika lililokwisha futwa.

— Simjui, akasema Pindo. Ila huyo ana macho. Huyo akija kwangu, mlango namfungulia mwenyewe.

Kimya akasimama, barua mkononi, imekunjamana.

— Mzee, aliyeuacha mkono na aliyekata meno ni mtu mmoja. Ni mimi.

Pindo akaitazama barua, akautazama mkono, akairudia barua.

— Birika, mimina. Nimalize kikombe kimoja kwanza, ndipo nijue mlango nafunga au nafungua.

Birika akainamisha birika mpaka mwisho. Likatoka tone moja.

— Imekwisha.

— Basi, akasema mke wa Pindo, akaichukua barua na kuitia kikapuni. Ufunguo ninao mimi.