Bi Hermine Kratochwil Aweka Mkasi Chini

Tarehe 30 Juni, Bi Hermine Kratochwil anastaafu baada ya miaka thelathini na minane ya kukata kazi za watu. Wenye adabu huita hiyo uhariri wa filamu na televisheni. Sisi wa chumba cha sauti, tuliopakana naye ukuta kwa ukuta hapa Vienna, tunajua ilikuwa kazi ya kuvunja watu moyo, na aliifanya kwa bidii ya kupigiwa mfano.

Alianza enzi za mkanda na mkasi, akinywa kahawa nyeusi na kugombana na kila aliyefungua mlango. Kompyuta zilipoingia, akagombana nazo pia.

Mwongozaji wetu, Bwana Profesa Egon Wurzinger, ni mpenzi mkubwa wa ukungu. Kila kipindi cha tamthilia yetu ya polisi wa milimani alituletea ukungu wa kufunika Austria nzima, Bi Hermine akauondoa, ikabaki hadithi. Profesa alipopewa tuzo, aliishukuru milima, akamshukuru mama yake, akamshukuru na mbwa wa polisi, akaendelea kushukuru kila mtu ila mhariri wake. Bi Hermine alikuwa safu ya tatu, akipiga makofi kwa heshima zote. Baadaye alisema tu, “Hotuba ilikuwa ndefu. Angeishia kwa mbwa.”

Lakini aliyeumia kuliko wote ni mumewe. Bwana Leopold, ambaye mtaa mzima wa Ottakring unamwita Poldi, ni dereva wa tramu mwenye ugonjwa wa kuigiza. Kila msimu alichukua likizo aje kuwa mpita njia, mlevi au maiti katika tamthilia yetu, kwa ujira wa bakuli la gulashi, mchuzi mzito wa nyama. Na kila msimu mkewe alimtoa. Sababu zilikuwepo: maiti yake ilijikuna pua.

Shida ni kwamba Jumapili jioni Poldi alikusanya wateja wote wa baa ya Bi Zdenka mbele ya televisheni. Kipindi kinaisha, Poldi hayumo. Bi Zdenka, asiyegawa huruma ya bure, huuliza huku akipangusa kaunta:

“Poldi, leo ulikuwa mlima upi?”

“Mke wangu ana wivu,” Poldi hujibu. “Hataki wanawake wa nchi hii wanione.”

Watu walicheka hivyo miaka nenda miaka rudi. Majira ya baridi yaliyopita, Poldi akaacha kuita watu. Alinijia kazini, kofia mkononi.

“Wewe uko naye kila siku, niambie kweli,” alisema. “Hermi ananionea haya? Maana mtu hafichwi miaka yote hii hivihivi.”

Nikampa kahawa.

Nilimfikishia Bi Hermine maneno hayo, nikisubiri kutukanwa. Aligeukia skrini. Kipindi chake cha mwisho kilikuwa na mazishi, na Poldi alikuwa mmoja wa wabeba jeneza. Alipoiona kamera, alitabasamu kama aliyebeba keki ya arusi. Profesa mwenyewe, ambaye hajawahi kukata hata wingu, aliomba kipande kile kiondolewe.

“Kinabaki,” alisema Bi Hermine. “Chote.”

Jumapili kilipoonyeshwa, sote tulikuwa kwa Bi Zdenka, Poldi amekaa mbele na tai yake. Mara sura yake ikajaa televisheni, meno yote nje, mjane akilia nyuma yake. Ikakaa. Ikaendelea kukaa. Halafu ikakonyeza. Baa ilicheka mpaka mvinyo ukamwagika, na Bi Zdenka akaacha kupangusa kaunta. Poldi peke yake hakucheka. Uso ulikuwa umemwiva. Aligeuka akamtazama mkewe, akamshika mkono.

“Hermi,” akasema, “kumbe siku zote hizo ulikuwa unanipenda.”

“Sasa ndiyo unajua,” akajibu Bi Hermine, na mkono hakuutoa.

Bi Hermine, tunakushukuru kwa ukali wako wote. Tutakukumbuka sana, na hilo nalisema bila kejeli. Tunakuombea afya, usingizi wa asubuhi na miaka mingi kando ya Poldi. Profesa ameahidi kusema maneno machache kwenye sherehe yako, na kwa kuwa hatuna tena wa kuyapunguza, tafadhali njoo umeshiba.