Sahani Niliyomaliza Mbele ya Baba Mkwe

Nawasalimu, ndugu zangu, kwa jina la Bwana aliyeniweka hai mpaka nikaota mvi. Kwanza niwataje waliokuwepo. Mama mkwe wangu Amoit, mwenye hoteli yetu ya nyasi kando ya barabara pale Malaba. Mume wake, mzee Omuse. Mutiso dereva wa lori, na Wafula taniboi wake, yaani msaidizi wake wa safarini. Na mimi Akisa, niliyekuwa nimeolewa kwao miezi mitatu tu. Ilikuwa mwaka wa pili baada ya uhuru.

Kwetu hotelini aliyeleta chakula alionja kwanza, mgeni ajue hakuna sumu. Madereva walimtania mama mkwe, "Mama, unaonja ama unakula nusu?" Lakini walirudi.

Mchana huo baba mkwe aliketi karibu na meza ya Mutiso. Ndugu zangu, kwetu mke wa mtoto hali mbele ya baba mkwe. Nikaona haya. Nikaweka ugali wa muhogo na samaki, nikaondoka bila kuonja.

Mutiso akala matonge mawili, akaanguka.

"Huyu hakuonja!" Wafula akaita watu. "Nimemwona na macho yangu."

Wakajaa. Mmoja akatoa kiberiti, akasema tuchomwe pamoja na hoteli yetu. Na jambo hili sijawahi kulisema: muhogo ule niliusaga mimi, na sikuwa na hakika ulikauka. Muhogo mchungu usipokauka unaua.

Mama mkwe akaniambia polepole, "Kula, Akisa. Maliza yote."

Nikamtazama mzee. Akageuza kiti, akanipa mgongo. "Kula, mwanangu. Mimi siko hapa."

Nikala. Kila tonge nikisema moyoni, Bwana, kama nimemuua, nichukue. Kama siyo, nitetee. Sahani ikaisha. Tukangoja, watu wakinitazama nianguke. Mkono wenye kiberiti sikuuacha kwa macho.

Mutiso akajigeuza. Mwili ulikuwa moto. Hapo ndipo Wafula akakubali kwamba dereva alitetemeka na homa tangu Eldoret. Mutiso akafungua macho, akaangalia mezani.

"Wafula, nani amekula samaki wangu?"

Watu wakacheka. Mimi nililia mpaka jioni.

Asante Bwana, ulinitetea mimi mwenyewe nikijishuku. Wewe unayeogopa leo, mwite, hata kama hujui kama una makosa. Na kama kuna mtu wa Malaba anayekumbuka, nami nimekosea jina au mwaka, tafadhali anisahihishe.