Mama Arlanda na Jina la Aliyetia Sahihi

Mbele ya kituo cha treni cha Tumba, pembezoni mwa Stockholm, kuna benchi ambalo manispaa ililiweka ili wazee wapumzishe magoti. Mswidi akikaa pale hukaa peke yake, kimya, kisha huenda zake. Lakini Jumamosi alasiri benchi lina wenyewe. Yupo Waziri, Mkongomani mnene aitwaye Anselmo, ambaye aliwahi kuwa karani wizarani kwa miezi minane na hajapona mpaka leo. Yupo Redio, yaani Janvier wa Bujumbura, asiyezimika. Yupo Kocha, Idd wa Tanga, dereva wa basi, ambaye kwake dunia nzima ni mechi. Na yupo Emérithe, msafishaji wa uwanja wa ndege wa Arlanda, ndiyo maana wakamwita Mama Arlanda. Kahawa ni yake na chupa ni yake, kwa hiyo neno la mwisho nalo lingekuwa lake, ila hapewi nafasi ya kulisema.

Jumamosi hiyo Emérithe alikuja na karatasi mkononi. Kesho yake, saa nane mchana, angepimwa. Alitakiwa kuwatembeza watu kumi na wawili kwa miguu katikati ya jiji, awaonyeshe mahali penye historia ya Wayahudi wakati wa vita, kwa Kiswidi, kwa muda wa saa moja na nusu, huku mama mmoja mwenye daftari akimfuata na kumpa alama. Akifaulu, beji ya mwongozaji shingoni. Akianguka, kozi nzima upya mwakani.

Kwa miaka kumi na moja, neno ambalo Emérithe amewaambia Waswidi kuliko neno lolote ni "ursäkta", samahani, akipitisha ufagio wa maji kati ya masanduku yao. Halafu siku moja ya baridi, akisubiri treni mjini, alijibanza nyuma ya kundi la watalii ili apate kinga ya upepo. Akamsikia mwongozaji akieleza jinsi Wayahudi wa Denmaki, watu kama elfu saba, walivyovushwa kwa mashua za wavuvi mwaka 1943 wakapokelewa Uswidi. Yeye mwenyewe alivuka Ziwa Tanganyika kwa mashua, mtoto mgongoni, sufuria moja mkononi. Hakuondoka pale. Tangu siku hiyo alitaka jambo moja tu: kabla hajazeeka, awaambie watu wa mji huu "nifuateni", nao wamfuate.

Redio: Dada Emé, nikuambie ukweli? Hawatakufuata. Kiswidi chako kinatembea na magongo.

Waziri: Mais non! Watafuata. Mswidi akiona foleni hujiunga kwanza, halafu ndiyo anauliza ya nini.

Kocha: Tatizo si lugha, ni kutaja miaka. Ile miaka ya Kiswidi mirefu kama treni ya mizigo. Ukikosea behewa moja, umeotea.

Redio: Wahenga walisema, mtaka cha uvunguni sharti ainame. Kwa hiyo kesho usivae viatu virefu.

Emérithe: Nyamazeni, nataka kufanya mazoezi. Waziri, wewe ni sinagogi.

Waziri: Kwa nini mimi?

Emérithe: Mpana, na hupendi kusogea. Kocha, wewe ni uwanja wenye jina la yule mwanadiplomasia Mswidi aliyewapa Wayahudi hati za kuwaokoa kule Budapest.

Kocha: Uwanja! Hatimaye mtu ameniona.

Emérithe: Redio, wewe ni ukuta wa majina. Zaidi ya majina elfu nane, ndugu za Wayahudi wa hapa Uswidi waliouawa.

Emérithe akaweka kifuniko cha chupa ya kahawa chini, penye lami, mbele ya miguu yao.

Emérithe: Na hili ni jiwe la shaba. Limepachikwa barabarani, lina jina la mtu mmoja. Alikimbia Ujerumani, akafika hapa Stockholm, akarudishwa. Wakamuua kambini.

Kocha: Subiri, dada. Si umesema wale wa Denmaki walipokelewa?

Emérithe: Hiyo ni 1943. Kabla ya hapo mlango ulikuwa unafungwa. Mwaka 1938 Uswidi ilikuwa kati ya nchi zilizotaka pasi za Wayahudi ziwekwe alama, ili wajulikane mpakani. Wajerumani wakagonga herufi J nyekundu. Nchi ni ile ile. Katikati kuna miaka mitano tu.

Hapo ndipo mazoezi yalipoharibika.

Kocha: Rahisi hiyo. Kipindi cha kwanza wamepaki basi, cha pili wakaamua kushambulia.

Redio: Ni baridi. Baridi hugandisha bawaba. Mlango ulitaka kufunguka siku nyingi, ila ukakwama.

Waziri: Ninyi hamjakaa wizarani. Mlango wa nchi una ufunguo mmoja tu, na anayeushika akienda likizo, c'est fini, imekwisha. Waswidi Julai nzima hawapo. Huyo maskini alifika Julai.

Redio: Basi ni samaki! Wale walipanda mashua za wavuvi, sivyo? Walifika wananuka samaki. Mswidi atamrudisha nani anayenuka chakula chake cha Krismasi? Damu nzito kuliko maji!

Emérithe alishika kichwa. Mwaka wa 1938 aliokuwa ameushika vizuri tangu asubuhi ulikuwa umeshachanganyika na samaki. Ndipo akazungumza mtu ambaye hakuna aliyemtegemea. Ni Vainqueur, mdogo wake Redio, aliyeletwa wiki tatu zilizopita kutoka kambi ya wakimbizi Kigoma baada ya kusubiri miaka kumi na tisa. Alikuwa amekaa mwisho wa benchi ndani ya koti la kaka yake, mikono imemezwa, akikitazama kile kifuniko.

Vainqueur: Samahani, wakubwa. Dada, huyu jina lake tunalo. Aliyetia sahihi arudishwe, jina lake liko wapi?

Emérithe akageuza karatasi yake mbele na nyuma. Jina hilo halikuwemo. Akamimina kahawa, ikatoka matone matatu, na kila mtu akashika njia yake.

Jumapili saa kumi na moja na nusu walikuwa benchini tena, na waliokuwa wakipita kwenda kwenye treni walidhani Burundi imechukua kombe. Beji ilikuwa shingoni mwa Emérithe. Wanaume wote walikuwa wamemfuata mjini, kwa makubaliano kwamba watajifanya hawamjui.

Kocha: Hawamjui! Waziri amefika tu, akaanza kumpa mkono kila mtu. Sinagogi lenyewe likatusubiri!

Waziri: Huwezi kusimama na watu saa moja na nusu hujawasalimu. Ni aibu. Na mliona? Baada ya hapo nao wakaanza kusalimiana. Mswidi na Mswidi!

Redio: Walikuwa kumi na wawili. Kufika ukutani, ishirini. Mwishoni nilihesabu arobaini, na bibi harusi.

Kocha: Amevuka taa nyekundu, wakamfuata! Waswidi, taa nyekundu!

Emérithe: Ilikuwa ya kijani.

Kocha: Dada, usituharibie.

Emérithe alicheka mpaka machozi. Alikuwa na furaha ambayo hakujua aiweke wapi. Taa ilikuwa ya kijani, lakini yaliyotokea penye jiwe hayakuhitaji kutiwa chumvi. Alifika, akafungua kinywa, na mwaka ukamtoroka. Kiswidi chote kikamfuata mwaka. Mama wa daftari akainua kalamu. Emérithe akalitazama lile jiwe dogo la shaba, akakikumbuka kifuniko chake, akauliza kwa Kiswidi chake cha magongo: jina lake tunalo, aliyetia sahihi jina lake liko wapi? Watu wote waliinama kutazama chini, kana kwamba huenda limeandikwa pembeni. Mzee mmoja mwenye fimbo akasema hajui, naye amezaliwa mtaa wa pili. Kalamu ilikuwa imesimama. Halafu Emérithe akasema "nifuateni", na akasikia nyuma yake viatu vyote vikianza kutembea.

Sasa alimimina kikombe cha kwanza, akampa Vainqueur kabla ya wakubwa.

Emérithe: Wewe ndiye umenipitisha. Niambie unataka nini.

Vainqueur aliingiza mkono ndani ya lile koti, akatoa barua iliyokunjwa mara nne.

Vainqueur: Jana nimeisoma yangu tena. Huku chini kuna jina. Kuna mtu alitia sahihi mimi niingie. Ninyi mna miaka mingi hapa, na kusalimia mnajua. Wa kwenu mlikwenda kumsalimia lini?

Emérithe aliiona kwa mawazo barua yake ilipo, ndani ya kopo la biskuti chini ya mashuka. Ameitunza kuliko dhahabu, na huko chini hajawahi kusoma.

Redio: Mgeni njoo, mwenyeji apone.

Wakamgeukia wote, maana kwa mara ya kwanza methali yake ilikuwa imekaa mahali pake. Emérithe akaitikisa chupa. Tupu. Akasimama, akakaza kifuniko, akainyoosha beji kifuani.

Emérithe: Kesho zamu yangu inaisha saa saba. Nitachemsha chupa mbili. Kila mtu aje na barua yake, tusome majina ya chini. Walio bado ofisini watakunywa kahawa yetu, waliostaafu tutauliza wanakaa wapi.

Waziri: Na tukifika, nani ataongea?

Emérithe: Mimi. Nifuateni.