Maisha ya Mama Tepu, Aliyewavisha Padri na Mchungaji

Jumapili ya tarehe 14 Agosti 1977, siku ya nane tangu afunge ndoa, marehemu alipanga foleni ya Komunyo katika kanisa alilobatiziwa. Mbele yake alisimama paroko wa wakati huo, amevaa kasula ya kijani ambayo marehemu mwenyewe aliishona kwa wiki mbili, na pindo lake akalirudia mara tatu kwa kuwa kitambaa kilikuwa kinateleza. Zamu yake ilipofika, paroko alimtazama, akamruka, akampa aliyekuwa nyuma yake. Kosa la marehemu lilikuwa moja tu: aliolewa na Mprotestanti, tena katika kanisa la Waprotestanti. Alirudi kwenye benchi la mwisho akakaa hadi Misa ilipokwisha. Njiani shangazi yake alimuuliza, "Umejisikiaje, mwanangu?" Akajibu, "Kasula imemkaa vizuri mabegani, shangazi. Yaliyo chini ya kasula sikupewa niyashone mimi."

Desturi ni kuanza na kuzaliwa. Familia imeanza na siku hiyo kwa makusudi, kwa sababu marehemu alikaa kwenye benchi lile miaka arobaini na saba, na wasifu unaoliruka ungekuwa uongo.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Juni 1954, mtoto wa tatu kati ya saba wa fundi mwashi na mkewe, muuza mboga. Baba yake alikuwa miongoni mwa mafundi waliojenga mnara wa kengele wa parokia. Kila walipopita hapo aliwaonyesha watoto tofali la kumi na mbili kutoka chini, akisema, "Lile nimeliweka mimi, na halijawahi kulalamika." Katika nyumba hiyo Ukatoliki haukujadiliwa, kama vile mtu asivyojadili ukuta unaomzuia upepo.

Alisoma shule ya msingi ya masista kuanzia mwaka 1962 hadi 1968, kisha akajiunga na chuo cha ushonaji na kuhitimu Novemba 1971 kwa cheti cha daraja la kwanza. Mtawa aliyemfundisha alimkuta asubuhi ya ukaguzi amefumua mkono wa sare yake mwenyewe ili aone ulivyounganishwa.

"Wewe binti, utakwenda gwarideni na mkono mmoja?"

"Huu wa pili nimeshauelewa, Sista. Nipe dakika kumi tu."

Zilimtosha dakika nane.

Mwaka 1972 aliajiriwa katika kiwanda cha sare, na Februari 1976 akafungua chumba chake cha kushonea kwenye mtaa wa nyuma ya posta. Kilikuwa na cherehani moja ya miguu, meza ya kukatia, kioo kilichopasuka pembeni na daftari la vipimo. Tepu ya kupimia haikutoka shingoni mwake; alikwenda nayo sokoni, hospitalini, hata kanisani. Ndiyo maana mtaa mzima ulimwita Mama Tepu kabla hajawa mama wa mtu yeyote. Aliwashonea Wakatoliki kasula, kanzu nyeupe za alba na vitambaa vya altare. Waprotestanti aliwashonea majoho ya wachungaji na sare za kwaya. Katika daftari lake aliandika kifua, bega, kiuno na urefu. Dini ya mtu hakuwahi kuitengea mstari.

Mwaka 1989 kwaya zote mbili ziliagiza majoho ya buluu kwa wakati mmoja, ishirini na manne kila upande, kutoka jora lilelile. Tofauti ilikuwa kwenye kola tu: ya Wakatoliki ilikuwa nyeupe, ya Waprotestanti rangi ya maziwa. Siku ya kukabidhi, marehemu alikuwa na mtoto mwenye surua mgongoni, akayachanganya mafurushi. Jumapili ile Waprotestanti waliimba ibada nzima ndani ya majoho ya Wakatoliki. Mzee mmoja wa kanisa alisimama wakati wa matangazo akasema, "Mtu akiziona sare hizi, hata akiwa mbali, anajua kwamba hawa ni Waprotestanti halisi!" Mchana katekista alikuja chumbani kwa marehemu akihema.

"Mama Tepu, umetuvalisha uzushi!"

"Pole, mwalimu. Uliwabana mahali?"

Katekista alifikiri. "Hapana. Tena yametukaa vizuri."

"Basi rudisheni niwabadilishie kola. Mabega yenu na yao yanalingana, nimeyapima mwenyewe."

Mume wake alikuwa karani wa posta na mpiga kinanda wa usharika. Walijuana alipoleta suruali ya kazini iliyochanika, kisha akaendelea kuleta suruali ambazo hazikuchanika. Walifunga ndoa Jumamosi ya tarehe 6 Agosti 1977. Baba wa marehemu alikuwa ameonywa na paroko asikanyage ndani ya kanisa lile, kwa hiyo alisimama nje, dirishani, toka wimbo wa kwanza hadi wa mwisho. Alipoulizwa alijitetea: "Mimi sikuingia. Nilichungulia, na kuchungulia hakumo katika amri kumi."

Upande wa pili nao haukuwa na huruma zaidi. Mwezi uliofuata, baraza la wazee wa usharika lilimwita bwana harusi. "Mlete mkeo darasani aiache imani yake, la sivyo rudisha ufunguo wa kinanda." Aliutoa mfukoni papo hapo akauweka mezani. "Ufunguo ni wenu," alisema. "Mke ni wangu." Hakupiga kinanda kile tena, na usharika uliimba bila kinanda kwa miaka sita, kwa sauti ambayo majirani wanaikumbuka.

Tangu hapo marehemu alihudhuria Misa ya asubuhi peke yake, kisha akavuka barabara kwenda kukaa na mumewe katika ibada ya pili. Wakatoliki hawakumpa Komunyo kwa sababu ya ndoa yake. Waprotestanti hawakumkaribisha kwenye Meza ya Bwana kwa sababu hakuandikishwa kwao. Alikuwa mtu wa makanisa mawili asiye na meza hata moja. Watu wanaojiita wafuasi wa aliyekula na wenye dhambi walifanya hivyo wakiwa na akili timamu, mwaka baada ya mwaka, na mikono yao ikiwa safi.

Walijaliwa watoto wanne, mabinti wawili waliobatizwa kwa baba na wavulana wawili waliobatizwa kwa mama. Kabla ya kula, wavulana walifanya ishara ya msalaba wakamaliza. Mabinti walifumba macho kwa sala ndefu ya baba yao, na walipofumbua, nyama ilikuwa imepungua. Walipolalamika, marehemu alitoa hukumu: "Kuanzia leo kila mtu atasali sala zote mbili, na mimi nitakaa nikizilinda sahani." Nyumba hiyo iliishi kwa sheria hiyo bila vita.

Mumewe alifariki tarehe 20 Mei 2018 na kuzikwa katika makaburi haya ya usharika. Kwa maelekezo yake mwenyewe, pembeni yake pakaachwa nafasi ya mtu mmoja.

Mnamo Novemba 2023 marehemu aligundulika kuwa na saratani ya ini. Alivumilia matibabu kwa utani; muuguzi alipokosa mshipa mara tatu, alimwambia, "Mwanangu, wewe ungekuwa fundi wangu ningekuweka kwenye vifungo kwanza." Paroko wa sasa, ambaye ni mtu mwema na familia inalikiri hilo, alimtembelea wodini na kumwambia kwamba, kwa kuwa sasa ni mjane, Komunyo inawezekana, mradi aungame kuwa aliishi katika dhambi na mume wake kwa miaka arobaini na mmoja. Mazungumzo hayo marehemu aliyasimulia mwenyewe. Alimjibu, "Padri, dhambi ninazo, kaa tutashinda hapa hadi jioni. Lakini hiyo ya kupendwa na mume wangu siijui." Padri aliondoka na Komunyo yake.

Tarehe 2 Machi 2025 alimwita binti yake mkubwa akatoa wosia. "Mnizike ubavuni mwa baba yenu. Padri aniombee, na Mchungaji aniombee, pale pale kaburini."

"Na wakikataa kusimama pamoja, mama?"

"Msiwafokee. Subirini tu. Mimi sitakuwa na haraka."

Alifariki Jumanne, tarehe 11 Machi 2025, saa nne asubuhi, akiwa na umri wa miaka sabini.

Ameacha watoto wanne, wakwe watatu, wajukuu tisa, kitukuu mmoja na wadogo zake wawili. Kati ya wajukuu, watatu ni Wakatoliki, wawili ni Waprotestanti, na watatu wamehamia kanisa jipya la hemani, lile lenye vipaza sauti. Mmoja hasali popote, na ndiye aliyemwosha bibi yake miguu kila siku wodini. Viongozi wetu, itafakarini hesabu hiyo: mnapogombania jeneza la bibi, wajukuu wameshaondoka.

Marehemu amekaa siku kumi na moja katika chumba cha maiti. Parokia ilisema itamfanyia Misa akizikwa kwenye makaburi ya parokia tu. Wazee wa usharika walisema kasula haitavuka lango la makaburi yao. Jana pande zote mbili zilituletea mapatano: Padri asali nje ya lango, avue mavazi yake, aondoke, kisha Mchungaji aingie na kuzika. Yaani mama yetu akatwe vipande viwili kama kitambaa, na kila upande uchukue chake. Tumekataa.

Baba Paroko, uko nje ya lango na unatusikia. Ingia, na uingie na mavazi yako. Mchungaji, mpishe nafasi karibu nawe. Wazee wa kanisa mliosimama langoni, ondokeni hapo sasa hivi. Mnamzuia mgeni aliyealikwa na mwenye msiba. Jeneza tumeliweka juu ya viti na hatutalishusha mpaka ninyi wawili msimame kichwani pa kaburi moja, mmwombee mwanamke mmoja. Mkishamaliza, ndipo sisi watoto wake tutakapotamka yale maneno ya amani ambayo, kwa sababu yenu, hatukuyachapa chini ya ukurasa huu.